Kata

Karani amekuja na wino wake ndani ya pembe.
Amekung'uta matope mlangoni, amekaa
pale alipokaa mama. Sheria ya Württemberg
yataka kila afaye ahesabiwe vyombo
kabla udongo wa kaburi haujakauka.

"Kitanda kimoja, kimechakaa.
Sufuria ya shaba, imezibwa mara mbili.
Kitani, dhiraa kumi na mbili, hakijaanikwa juani."
Kalamu inakwaruza. Baba anaitika
kama aitikavyo kanisani, akitazama kofia yake.

Ngoja, karani. Nikueleze kilichotangulia hiyo sufuria.

Nilipokuwa mfupi kuliko meza hii
konde la tatu lililala mwaka mzima bila kuguswa,
na ng'ombe wa kijiji walipita alfajiri
nyuma ya Veit na baragumu lake la gome,
wakajilishe wenyewe, warudi wenyewe,
kila mmoja akijua mlango wake.
Hata mjane Walpurga, asiye na shamba hata la kuzikwa paka,
alikuwa na haki ya mbuzi mmoja kwenye lile konde.

Kisha kasisi akasoma kitabu,
akapanda mimbarini kutuambia
kwamba ardhi inayolala ni ardhi mvivu.
Tukapanda klova.
Veit akatundika baragumu, akaenda kuvunja mawe ya barabara.
Mbuzi wa Walpurga sikumwona tena, wala sikuuliza.
Ng'ombe wakafungiwa zizini, kiangazi na baridi,
na mama ndiye aliyetolewa malishoni badala yao.

Saa kumi alfajiri. Mundu, shuka kuukuu,
klova mbichi ikimchuruzikia umande mgongoni.
Mzigo wa kwanza, wa pili, wa tatu.
Kaka yangu Jerg alizaliwa
kati ya wa pili na wa tatu.
Husemwa ng'ombe haelemewi na nunduye.
Ng'ombe wetu hawana nundu, karani,
na mama alielemewa.

Baba, kwa upande wake, akawa mtu.
Lundo la samadi mbele ya nyumba lilifika dirishani,
na Jumapili wanaume walisimama kando yake
wakilikadiria kwa macho, mikono nyuma,
kama watu wanaotazama farasi wa bwana.
Ngano ikazidi. Siagi ikazidi,
ikaenda mjini ndani ya majani ya kabichi;
sisi tukanywa maji yake.

Usiku mmoja wa Juni Blessi alivimba.
Klova yenye maji humfanya ng'ombe kuwa ngoma.
Baba alikuwa kilabuni akinunua heshima kwa mvinyo.
Mama alimpapasa ubavu wa kushoto,
akapima shubiri moja kutoka mfupa wa nyonga,
akachoma.
Upepo ulitoka kwa mlio, ukazima taa.
Tukakaa gizani tunamsikiliza ng'ombe akihema,
na mama akihema, hatujui nani ni nani.
Asubuhi alikiosha kile kisu, akatukatia mkate.

"Kisu cha mkate, kimoja," anaandika karani,
"mpini umelegea."

Ng'ombe wameandikwa. Lundo limeandikwa,
kwa magari: kumi na moja.
Magurudumu mawili ya kusokotea, moja bovu.
Halafu anainua kitu kutoka msumarini
kwa vidole viwili: kata ya mama,
soksi kuukuu zilizosokotwa duara,
imedidimia katikati, imeshika nywele moja ya mvi.

"Na hiki?"

Baba anaangalia. Kwa mara ya kwanza leo anachelewa kujibu.
"Hicho si kitu," anasema.
Karani anakirudisha, si msumarini, mezani,
anapuliza wino ukauke, anaomba ada yake.

Huko nje klova imechanua; ikipitiliza itakuwa ngumu.
Nimeijaribu kata.
Inanibana kidogo, upande wa kushoto.